Mzee Kasimu Aliyekufa Kila Ijumaa

Walisema sitarudi. Ami Salimu, dereva wa Mombasa aliyekuwa jirani yetu, alilisema hilo mbele yangu siku tulipokuwa tukifunga mizigo chumbani kwetu Suwaidi, Riyadh. "Ukishagongewa khuruji kwenye pasi, ndugu yangu, Saudia utaiona kwa televisheni," alimwambia Baba, akimaanisha ule muhuri wa kutolewa nchini usio na marejeo. Kisha akanitazama mimi kwa huruma. "Na huyu naye, kusoma kwake kumeishia hapa." Tulipofika Unguja binamu zangu wakaongeza yao. Mtoto wa Jeddah, walinicheka, nazi hajui kukuna, Kiswahili anakisema kama anasoma khutuba. Huyu atauza vocha mpaka azeeke.

Leo nina diploma ya utayarishaji wa sauti. Imo kwenye fremu ya kioo, ukutani kwa Baba, katika nyumba niliyomjengea mimi mwenyewe, na kila mgeni akija Baba humkalisha kiti kinachoitazama. Wewe unayesoma huenda umenisikia mara nyingi bila kujua. Katika zile tamthilia za kigeni zinazotiwa sauti ya Kiswahili, yule baba mkali, yule hakimu, yule jambazi anayekohoa kabla ya kutoa bastola, wote hao ni mimi. Na Saudia nimerudi, kwa tiketi ya kulipiwa, nikawekwa hoteli ya Jeddah yenye dirisha linalotazama bahari. Najisifu, ndiyo. Nimeyahangaikia haya bila mjomba ofisini, kwa hiyo niacheni nijisifu.

Ila kuna sauti moja inayoninyamazisha. Karibuni mgeni mmoja aliingia studio kwangu amevaa saa ya zamani, ya kutia ufunguo. Hakuna aliyeisikia isipokuwa mimi, niliyekuwa na hedifoni masikioni: tik, tik, tik, kama mdudu anayetafuna mbao ndani ya ukuta. Nilisimamisha kazi. Nikamwomba aivue. Alipoivua na kuninyooshea niishike, mikono yangu ilikataa.

Nilikuwa na miaka tisa. Wakati ule wanawake hawakuwa wakiendesha magari Saudia, na kazi ya Baba ilikuwa kumpeleka hospitali na kumrudisha daktari mmoja wa Kipolandi, Daktari Ewa. Gari lilikuwa la kafili, mwajiri aliyetudhamini nchini, ikama zetu, yaani vibali vya kuishi, zilikuwa mkononi mwa kafili, na Baba alipenda kusema kwamba hata tukipiga chafya tunapaswa kumwomba kafili ruhusa. Sisi asili yetu ni Unguja. Bibi, mama yake Baba, aliingia Jeddah akiwa msichana, baada ya mapinduzi, akaolewa mtaa wa Ruwais na hakutoka tena. Baba alizaliwa hapo, nami nikazaliwa hapo, kisha kazi ikatuhamishia Riyadh.

Mwaka ule Daktari Ewa alimleta baba yake. Mama yake alikuwa amefariki, na mzee asingeweza kuachwa Polandi peke yake kwa sababu alikuwa ameanza kusahau. Aliitwa Kazimierz. Baba alilijaribu jina hilo mara mbili, kama mtu aliyepewa mfupa autafune, kisha akaamua: "Huyu ni Kasimu. Halas, imekwisha." Tangu hapo akawa Mzee Kasimu, naye akaitika kwa furaha, maana alikuwa ameshaitwa majina mengi maishani.

Alikuwa mwigizaji. Kwa zaidi ya miaka arobaini kazi yake ilikuwa kuwa mtu mwingine.

Daktari alimwomba Baba anilete kwake kila siku nitokapo shule, nikae na mzee mpaka yeye arudi. Sharti lilikuwa moja: asitoke nje peke yake, hata hatua tatu. Baba aliweka mkono kifuani akakubali. Garini, tukirudi, akaniambia bila kunitazama, "Sikia, baba. Huyu mzee akitoka akapotea, kafili hataniuliza kwa nini. Ataninyang'anya ikama, na sote tutapandishwa ndege. Umenielewa?" Nilimwelewa. Tangu siku ile, kila nilipoingia nyumba ile, kitu cha kwanza nilichokitazama kilikuwa komeo la mlango.

Chumba chake kilinuka tumbaku ya kiko ambacho hakikuwashwa tena, na mafuta ya nywele. Chini ya kitanda lilikuwapo sanduku la kanda za video. Maisha yake yote yalikuwa yamelala humo. Katika kanda moja alikuwa kijana mwembamba anayekimbia katika msitu wenye theluji. Katika nyingine alikuwa mkuu wa stesheni ya reli, katika tamthilia iliyodumu miaka, hata ukiziweka kanda moja baada ya nyingine ulimwona akinenepa, akiota mvi, akianza kuvaa miwani. Kwa sababu mkuu huyo alikohoa sana, wanawake wa Polandi walimwandikia barua za kumwelekeza dawa. Alikuwa mwendesha mashtaka, padri, mlevi, mfalme wa vipindi vya watoto. Na alipozeeka, kazi za kuonekana zilipopungua, akawa sauti. Kwao filamu ya kigeni husomwa na mtu mmoja tu, sauti moja tulivu juu ya wote: mwanamke, mtoto, askari. Alinifanyia mfano, akimsoma bibi harusi na mkwe wake kwa sauti ileile isiyopanda wala kushuka, nami nilicheka mpaka tumbo likauma. Sikujua kwamba ananionesha mkate wangu wa baadaye.

Yeye pia walimwambia hataweza. Chuo cha uigizaji kilimkataa mara mbili. Mwalimu mmoja alimwambia ana sauti ya bawaba isiyotiwa mafuta. Akaanza kwa kuvuta pazia la jukwaa. Alinieleza hayo kwa Kiingereza chake cha vipande na Kiarabu cha maneno matatu, yalla, halas na chai, akimalizia kwa mikono. Tulielewana vizuri sana.

Sasa kuna jambo lililonitisha tangu mwanzo. Karibu katika kila kanda, Mzee Kasimu alikufa. Alipigwa risasi, alizama, alianguka ngazi, alifia kitandani huku familia ikigombana. Nami nilijifunza kumjua mapema. Katika maisha alivaa saa ya chuma yenye mkanda wa ngozi, na aliivaa hata kazini. Lakini siku ya tukio la kufa, mkono wake wa kushoto ulikuwa mtupu, na pale pa saa palibaki duara jeupe. Ukiliona duara, jua filamu haiishi naye.

Nilimuuliza. Alicheka, akamwita binti yake atutafsirie. Ilikuwa desturi yake tangu ujana. Kabla ya kuigiza kifo huvua saa na kumpa mtu aliye pembeni amshikie, na humwambia maneno yaleyale: "Shika. Nitarudi kuichukua." Aliyeishika hatakiwi kuionesha kwa yeyote wala kumfuata mpaka mwenyewe arudi. "Kifo kikija kumtafuta kwa kweli," Daktari Ewa alisema huku akitikisa kichwa, "hakimkuti na saa yake, kinadhani si yeye. Nilipokuwa mdogo mimi ndiye niliyekuwa naishika. Kila mara alirudi."

Baba alinunua deki kuukuu ya video kule Dirah, kwa wale mafundi wa vibanda vya sokoni, na kila Ijumaa baada ya chakula cha mchana madereva wa Suwaidi walijaa chumbani kwetu. Mzee alituazima kanda. Mimi nilisimama kando ya televisheni nikiwasomea kwa Kiswahili, sauti moja kwa wote, kama nilivyofundishwa. Kipolandi sikukijua hata neno, kwa hiyo nilitunga. Na duara lilipoonekana, nilitangaza: "Huyu atakufa."

"Mwongo! Ushaiona hii!" Ami Salimu alipiga kelele mara ya kwanza.

"Wallahi sijaiona, ami."

"Amekaa anakula supu, atakufaje mtu anakula supu?"

Risasi ikapita dirishani, kichwa kikaanguka kwenye supu. Chumba kikalipuka. Wiki ya tatu Ami Salimu hakucheka tena. Aliniangalia kwa jicho la pembeni akamwambia Baba, "Mtoto wako huyu msomeeni. Anajua vifo vya watu." Wengine wakacheka, ila nilikiona kimya kilichofuata, na nitasema ukweli: nilikipenda.

Siku za kazi, mimi na mzee tulicheza. Yeye alikufa juu ya zulia, mimi nikawa mwongozaji. Alinifunza kanuni. Mtu akishakufa, usimsemeshe, usimguse, usicheke. Hesabu taratibu mpaka mia, maana mwongozaji mwenye haraka huharibu kazi ya watu wote. Kisha sema neno, naye atafufuka. Neno letu lilikuwa "Halas." Nilihesabu kwa Kiarabu, kama tulivyofundishwa shule, nikasema "Halas!", naye akafungua jicho moja na kudai chai. Daktari Ewa alitukuta hivyo mara nyingi, akasimama mlangoni na begi lake, asiingie mpaka nimalize kuhesabu. Katika michezo hiyo hakuvua saa hata siku moja. Saa, alisema, ni ya kazi ya kweli.

Lakini kazi ya kweli haikumwita tena, na jambo hilo lilimtafuna. Aliketi kando ya simu. Alianza kumwita binti yake kwa jina la mkewe. Siku moja alitazama kanda ya mkuu wa stesheni kwa muda mrefu, kisha akaninong'oneza kwa adabu kuniuliza yule bwana ni nani.

Kiangazi kile Daktari Ewa alikuwa na mkutano wa madaktari Jeddah, wa siku mbili. Baba alituendesha sote. Katika njia nzima, jangwa likitetemeka kwa joto, mzee alikaa ameishika saa yake. Kila tuliposimama kutia petroli, aliitia ufunguo saa yake, hata Baba akamtania kwa Kiswahili, "Mzee Kasimu, utaikata." Hotelini hakutulia, alizunguka na kugusa kuta. Basi asubuhi ya pili Daktari alituachia mzee kwa Bibi, Ruwais, na kwenda mkutanoni.

Bibi alimkirimu chai ya maziwa na mandazi. Akamtazama, kisha akatutazama sisi. "Huyu mgeni wenu anaaga," alisema. Baba akamwambia, "Mama, acha hayo."

Adhana ya adhuhuri ilipolia, Bibi aliingia ndani kuswali. Baba alinishika bega. "Nakwenda msikiti wa hapo, narudi sasa hivi. Usimwondolee macho." Tukabaki wawili barazani. Joto lilikuwa limewafukuza watu wote, na upepo wa bahari ulinuka chumvi na mwani uliooza. Mzee Kasimu akanyoosha shati lake. Akachana nywele. Kisha akavua saa.

Aliiweka katika kiganja changu, bado ina joto la mkono wake, akakifunga kiganja kwa vidole vyake. "Shika," alisema, kwa Kiingereza, wazi kabisa. "Nitarudi kuichukua."

Mtu mzima angeogopa. Mimi nilifurahi. Nilijua kwamba saa ni ya kazi ya kweli, kwa hiyo niliamini kuna kazi: kwamba hatimaye wamemwita, kwamba mahali fulani katika vichochoro vile watu wenye kamera wanamsubiri. Nilifurahi kwa ajili yake, na nilijiona mkubwa kwa kuaminiwa. Nilitia saa mfukoni. Nilimtazama akitembea kwenye jua, mgongo umenyooka kama wa yule kijana wa msituni, akakata kona. Sikumfuata. Mshika saa hafuati.

Baba aliporudi aliona kiti kitupu. "Yuko wapi?"

"Sijui."

"Hujui vipi? Hujui vipi?" Sikuwahi kuisikia sauti ile. Akatoka mbio kuelekea baharini, viatu mkononi. Nilikuwa na mkono mfukoni, na saa ilikuwa ikipiga kwenye kiganja changu. Neno moja tu lingetosha, na neno hilo sikulisema.

Niliondoka kumtafuta kwa njia yangu, si kwa kuwa niliogopa, ila nilitaka kuona kamera. Nyuma ya nyumba ya Bibi palikuwa na nyumba za zamani zilizohamwa, zilizopigwa alama ya rangi nyekundu zisubiri kubomolewa. Mlango wa nyumba moja ulikuwa umeachwa wazi. Ndani paa lilikuwa limetoboka, na chini ya mwanga ule, juu ya kiti cha plastiki kilichovunjika mkono, alikuwa ameketi Mzee Kasimu. Mikono juu ya magoti. Kichwa kimeinama kidogo. Viatu vyake viwili vimepangwa pembeni, kisigino kwa kisigino.

Nilitazama juu, madirishani, kutafuta kamera. Sikuiona, nikaamini wameificha vizuri. Nikajibana ukutani nisionekane kwenye picha, nikaanza kuhesabu. Wahid, ithnain, thalatha. Nzi alitua kwenye paji lake, naye hakutikisika, nami nikastaajabu kwa ustadi wake. Nilipofika mia nikasema kwa sauti ndogo, "Halas."

Hakufungua jicho.

Nikafikiri nimekwenda haraka, nimeharibu kazi ya watu. Nikaanza upya, taratibu zaidi. Jasho lilinitiririka machoni. Mia. "Halas, babu." Nikaanza tena. Katika hesabu ya tatu nilisikia kwamba mle ndani kuna kitu kimoja tu kinachotoa sauti, nacho kimo mfukoni mwangu. Hata hivyo nilihesabu mpaka mwisho, kwa sababu nilijua nikinyamaza litakuwa kweli.

Baba alitukuta hivyo. Alinibeba akanitoa nje kama mtoto mchanga, akarudi ndani peke yake.

Daktari Ewa alifika pamoja na polisi. Alipiga magoti mbele ya kile kiti, akashika mkono wa kushoto wa baba yake, akaufunua. Duara jeupe. Akageuza kichwa polepole akanitazama mimi, niliyesimama mlangoni na mkono mfukoni. Nilingoja aseme. Hakusema. Askari akauliza ni nani aliyekuwa na mzee alipotoka. Baba akajibu kabla sijapumua, "Mimi. Nilikuwa naye mimi."

Hayo mengine mnayajua. Kafili alisema halas, na Daktari alikwenda mara mbili ofisini kwake kumwombea Baba, bure. Bibi aliuza bangili zake kwa tiketi zetu. Ami Salimu alituazima begi lake kubwa, pamoja na ule utabiri wake. Nikapanda ndege kwenda nchi niliyoambiwa ni yangu na nisiyowahi kuiona, saa ikiwa ndani ya soksi. Baba hajawahi kuniuliza nilishika nini siku ile. Ameweka diploma yangu ukutani, na hajaniuliza.

Niliporudi Jeddah kwa kazi yangu, nilianza kulipa. Bibi, mzee sana sasa, nilimvisha bangili mikono yote miwili, akalalamika kwamba ni nzito. Kisha nikapanda ndege kwenda Riyadh, Suwaidi, na begi jipya la magurudumu. Ami Salimu alifungua mlango, akaniangalia kuanzia viatu kwenda juu.

"Si nilisema hurudi?"

"Ulisema, ami."

"Basi nilikosea. Usinisimamie hivyo kama mdai, ingia." Ndiye aliyenieleza kwamba daktari yupo bado, nyumba zilezile, na kwamba siku hizi anajiendesha mwenyewe, "vibaya mno."

Nywele za Daktari Ewa zilikuwa nyeupe. Hakushangaa kuniona. Niliketi, nikaweka saa mezani kati yetu, nikaanza hotuba niliyokuwa nimeitunga kwa miaka, mimi ambaye nalipwa kwa kusema, na sauti ikakatika.

"Niliiona," alisema. "Siku ileile. Mkono wake mtupu na mfuko wako umevimba."

"Kwa nini hukunitaja?"

"Baba yako alikuwa ameshasema ni yeye. Ningekutaja wewe, angekuwa amesema uongo mbele ya polisi." Akaigusa saa kwa kidole. "Na alikupa wewe uishike. Haikuwa yangu kuidai."

Kwa miaka mingi nilijivunia kwamba mzee alinichagua kwa kuniamini. Nilipokuwa mtu mzima ndipo nilipoelewa kwamba watu wote waliomzunguka wangemzuia, na mimi ndiye pekee ambaye nisingemzuia. Alihitaji mtu atakayeamini kwamba anakwenda kazini.

Nikamuuliza lile lililonirudisha hasa, kuliko kazi, kuliko hoteli. "Nilipokuwa nikihesabu, alikuwa hai?"

Ni daktari, angeweza kunidanganya vizuri. "Sijui," alisema. "Kwa joto lile mwili haupoi, hata mimi nisingejua kwa kumgusa alikufa saa ngapi."

Akaichukua saa. Akaitia ufunguo, polepole, mpaka ikaanza, akaiweka sikioni kwake akafumba macho. Nilikuwa nimeketi mikono juu ya magoti, kichwa kimeinama, na sikuweza kutoka pale kwenye kiti. Hakuninyanyua, wala hakuharakisha. Alisimama akinitazama kama alivyokuwa akisimama mlangoni zamani na begi lake, akingoja hesabu ya mtoto iishe.

Kisha akasema, kwa sauti ndogo, "Halas."

Nikainuka.